Riwaya za Stacpoole, Msitu wa Kongo na Daftari la Nyumbani

Kitabu tunachotaka kukizungumza tulikinunua Johannesburg, katika mtaa wa Doornfontein, kwa muuzaji aliyetandika vitabu vikuukuu juu ya turubali kando ya njia. Tulikuwa tumekwenda kumzuru mjukuu wetu anayesoma chuo kikuu huko. Vitabu vingi vilikuwa vya sheria na uhasibu vilivyokwisha wakati wake. Kimoja kilikuwa na jalada la kijani lililopauka, na mgongoni jina tulilolisoma utotoni: H. de Vere Stacpoole. Tulidhani ni The Blue Lagoon. Tulipokifungua tukakuta The Pools of Silence, riwaya yake ya Kongo, iliyotoka 1909, ambayo kwa lugha yetu tungeiita Mabwawa ya Ukimya. Tulilipa randi 40 bila ya kupatana bei, jambo ambalo mjukuu wetu hajatusamehe mpaka leo.

Wasomaji wa rika letu hawahitaji kuelezwa Stacpoole ni nani, lakini vijana aghlabu hawamjui. Alikuwa Muairishi, alizaliwa 1863 Kingstown, mji wa bandari karibu na Dublin ambao sasa unaitwa Dún Laoghaire. Alisomea udaktari London, akafuzu 1891, kisha akawa daktari wa melini kwa miaka mingi. Bahari aliijua kama anavyoijua mtu anayeuguza mabaharia: si kwa mapambano na tufani tu, bali kwa homa, vidonda na upweke wa watu wasioona nchi kavu kwa miezi. Alipotua alikuwa daktari wa vijijini Uingereza, na huko ndiko alikoandika The Blue Lagoon, iliyotoka 1908 na kumpatia jina na mali. Aliandika riwaya nyingi baadaye, karibu zote za visiwa, meli na mapenzi, mpaka alipofariki katika kisiwa cha Wight mwaka 1951.

Sisi tulimsoma skuli Unguja. Haggard na Stevenson walitufikia kwa Kiswahili, Mashimo ya Mfalme Sulemani na Kisiwa chenye Hazina, vitabu viwili vilivyochapwa 1929 na ambavyo mwalimu alitusomea kwa sauti. Stacpoole alitufikia kwa Kiingereza, kwa mlango wa nyuma, kwa sababu ndani yake mna mapenzi. Nakala ilipita mkono kwa mkono mpaka ikapoteza jalada. Asubuhi tulikuwa chuoni kwa maalim na Kurani, adhuhuri skuli kwa Waingereza, na usiku Emmeline na Dick kisiwani, kwa taa ya chemni.

Kisa chenyewe ni chepesi. Meli inaungua katika Pasifiki. Watoto wawili, binamu, mvulana na msichana, wanaokoka pamoja na baharia mzee wa Kiairishi, Paddy Button. Baharia anawafundisha namna ya kuishi kisiwani, kisha ulevi unamuua, na watoto wanabaki peke yao. Wanakua, wanapendana bila ya kujua mapenzi ni nini, wanapata mtoto bila ya kujua mtoto anatoka wapi. Msichana anapotea msituni kidogo, anarudi na kichanga. Tuliposoma sehemu hiyo tukiwa na miaka 14 tuliona ajabu. Tukiisoma sasa tunacheka, maana aliyeiandika alikuwa daktari. Mkunga yeyote wa Ng'ambo angemwuliza: na uchungu ulikwenda wapi? Na kitovu alikikata nani?

Lakini tusimcheke bure. Stacpoole alitaka kuona dunia kwa macho ya mtu asiyefundishwa neno: jua likizama mara ya kwanza, radi, mauti ya kwanza. Pale watoto wanapomkuta mzee wao amekufa na hawajui kuwa hayo ndiyo mauti, ameandika vizuri. Tunachokikataa ni kisiwa chenyewe. Kisiwa cha Stacpoole hakina mwenyewe. Wenyeji wapo, wanatoka kwengine, wanakuja kutambika na kwenda zao, nao ni hofu tu iliyo upande wa pili wa miti. Kwa mtu wa pwani yetu, jambo hili ni gumu kulimeza. Sisi hatujui kisiwa bila ya kisima, kaburi na mtu anayesema shamba hili ni la babu yangu. Bahari yetu si uwanda mtupu bali ni njia, na pande zote mbili za njia kuna anayekudai. Sindbad huvunjikiwa na jahazi mara ngapi? Lakini kila mara anakuta sultani, soko na mizani, na anarudi Baghdad na hesabu yake.

Johannesburg inahusika na hadithi hii kuliko tulivyojua. Sinema ya kwanza ya The Blue Lagoon haikutengenezwa Marekani wala Uingereza, bali na African Film Productions, kampuni iliyoanzishwa 1915 na I. W. Schlesinger, ambayo studio zake zilikuwa Killarney, upande wa kaskazini wa mji huu huu. Ilitoka 1923, filamu bubu, Molly Adair akiwa mwigizaji mkuu. Kampuni hiyo hiyo ilikuwa imekwisha kutengeneza King Solomon's Mines mwaka 1918. Mji wa dhahabu, ulio mbali na bahari, ulijenga ndoto ya kisiwa ili watu wa mabara mengine wauone. Fedha iliyolipa ndoto hizo ilitoka katika mji uliosimama juu ya migodi, lakini mashimo yake wenyewe haukuyaingiza katika hadithi. Uliyaingiza ya Mfalme Sulemani.

Doornfontein ni mahali pazuri pa kumsoma mwandishi wa visiwa vitupu, maana mtaa huu haujapata kuwa mtupu hata siku moja. Matajiri wa dhahabu walijenga hapa majumba yao kabla ya kuhamia Parktown. Wakaja Mayahudi wa Lithuania, na sinagogi lao lenye simba wawili mlangoni bado limesimama. Nyuma ya majumba zikajengwa nyua za vyumba vya mabati. Katika mmoja wa nyua hizo, Rooiyard, Ellen Hellmann alifanya utafiti mwaka 1933, akaandika mama gani anapika pombe kiasi gani, analipa kodi kiasi gani, anamlea nani. Leo ukitembea huku utasikia Kiswahili. Si chetu. Ni cha Kongo, cha Bukavu, Uvira, Lubumbashi na Maniema, na sikio la Unguja linahitaji siku mbili tatu kukizoea. Hilo tutalirudia.

Sasa tuingie katika The Pools of Silence, kwa sababu ndicho kitabu kinachotuhusu sisi wasomaji wa jarida hili. Daktari kijana wa Kimarekani, Adams, yuko Paris. Anaajiriwa na tajiri mmoja, Berselius, afuatane naye Kongo katika safari ya kuwinda. Adams anadhani anakwenda kuona tembo. Anachokiona ni mpira. Katika kituo cha msituni anakutana na Meeus, mzungu anayesimamia ukusanyaji wa mpira, mtu aliyeoza kwa upweke na woga wa mabwana zake, na anaona wenyeji wanavyotendwa wanaposhindwa kuleta kipimo. Baadaye kundi la tembo linaivamia kambi. Berselius anaumia kichwa na kupoteza kumbukumbu, na mtu katili anageuka kuwa mpole. Kumbukumbu inapoanza kumrudia, ukatili nao unamrudia, naye anajiona kama mtu anayemsikia jirani mbaya anahamia tena katika nyumba yake. Pia kuna binti wa Berselius, Maxine, na mapenzi yake na Adams, maana mchapaji asingelikubali kitabu bila ya hayo. Sehemu hiyo unaweza kuiruka.

Hiki si kitabu kikubwa. Lakini ni kitabu chenye hasira, na hasira hiyo ni ya kweli. Riwaya ilitoka mwaka mmoja tu baada ya Ubelgiji kuichukua Kongo kutoka mikononi mwa Leopold, Novemba 1908. Katika mwaka huo huo wa 1909 Arthur Conan Doyle alichapa The Crime of the Congo. Miaka mitano nyuma, 1904, ilitoka ripoti ya Roger Casement, balozi mdogo wa Uingereza, iliyoeleza mikono iliyokatwa na vijiji vilivyohamwa. Casement naye alikuwa Muairishi. Alizaliwa Sandycove, 1864, mwendo mfupi kwa miguu kutoka Kingstown alikozaliwa Stacpoole mwaka mmoja kabla yake. Watoto wawili wa ufuko mmoja: mmoja akaiandika Kongo kwa ripoti, mwingine kwa riwaya. Wa ripoti alinyongwa London mwaka 1916 kwa kuipigania nchi yake. Wa riwaya alizeeka kwa amani akitunza bustani.

Ukubwa wa Stacpoole katika kitabu hiki uko kwa Berselius. Waandishi wengi wa zama hizo walisema Mzungu anaingia msituni mwema, msitu unamharibu. Stacpoole aligeuza: Berselius anaingia akiwa ameharibika tangu Ulaya, na msitu, kwa mguu wa tembo, unampa nafasi ya kuwa mtu. Tena hakuuweka uovu wote juu ya Meeus. Anatuonyesha kuwa nyuma ya Meeus kuna ofisi, nyuma ya ofisi kuna wenye hisa, na wenye hisa wanakula chakula cha jioni Ulaya na wake zao. Kwa mwandishi wa riwaya za mapenzi, hilo ni tendo la ujasiri.

Udogo wake uko kwa Waafrika. Hawana majina ila mmoja wawili. Wanapigwa, wanalia, wanakufa, wanabeba mizigo. Hakuna hata mmoja anayefikiri mbele ya msomaji. Mwenye uovu ni Mzungu, mwenye huruma ni Mzungu, na mwenye kutubu ni Mzungu, mpaka unajiuliza kama Kongo imeletwa kitabuni ili Wazungu wawili wapate mahali pa kuzungumza na dhamiri zao. Ukimya wa jina la kitabu ni ukimya wa mabwawa ambapo kijiji kilikuwepo na sasa hakipo. Lakini ni ukimya pia wa mwandishi asiyejua kuwa watu wale walikuwa na la kusema.

Yupo mmoja aliyepewa jina na sura, Félix, Mzappo Zap, anayeandamana na msafara. Stacpoole anamchora kama mla watu, mnyama wa kutisha. Wazappo Zap walikuwepo kweli. Walikuwa Wasongye walioishi karibu na Luluabourg, wakatumiwa na dola ya Leopold kutoza kodi kwa bunduki. Mwaka 1899 mmisionari Mmarekani mweusi, William Henry Sheppard, aliingia katika kambi yao na kuhesabu mikono ya kulia 81 ikikaushwa juu ya moto, na habari hiyo ikaenea duniani. Stacpoole alimchukua Mzappo Zap kutoka katika habari za namna hiyo, na wasomaji wake wakaridhika kuwa huyo ni zao la msitu.

Hapa ndipo sisi tunapopaswa kusimama, maana hakuwa zao la msitu. Wazappo Zap walikuwa zao la biashara. Bunduki na mazoea ya kuteka watu waliyapata katika zama ambazo misafara ya pembe na watumwa ilikuwa inaingia nchi ya Wasongye kutoka pande mbili, ya magharibi kutoka pwani ya Angola, na ya mashariki kutoka Nyangwe na Kasongo. Ya mashariki ilikuwa yetu. Babu zetu ndio waliokuwa Nyangwe na Kasongo.

Tunajua kuwa baadhi ya jamaa zetu hawapendi jambo hili lisemwe katika kurasa hizi, na sababu yao si ndogo. Leopold aliivaa Kongo kwa jina la kupiga vita watumwa wa Waarabu. Mkutano wa Brussels wa 1889 na 1890 ulimpa sifa hiyo pamoja na ruhusa ya kutoza ushuru. Vita vya 1892 hadi 1894 vilivyoangusha Nyangwe na Kasongo, na ambamo Sefu bin Hamed alikufa, viliandikwa Ulaya kama ukombozi. Kisha waliokombolewa wakatumwa mpira. Kwa miaka mingi kila kosa la Kongo lilitupiwa Mwarabu wa pwani, na watoto wetu waliozaliwa Maskati, Dubai au Uingereza wakakuta neno hilo moja tu juu ya babu zao. Ndiyo maana familia nyingi zikimsoma Stacpoole au Casement hupumua. Haya, yaonekane na ya Mbelgiji.

Nasi tulipumua, tukiwa tumekaa kitandani kwa mjukuu Doornfontein, kwa kurasa kama 100 hivi. Kisha tukakumbuka kitabu kingine cha msitu huo huo, kilichotangulia hiki na kilichoandikwa kwa Kiswahili: maisha ya Hamed bin Muhammed el-Murjebi, Tippu Tip, aliyoyaandika mwenyewe uzeeni Unguja, na Heinrich Brode akayachapa Berlin 1902 na 1903. Huyu ndiye aliyemsindikiza Stanley 1876, na ndiye Leopold aliyemfanya wali wa Stanley Falls 1887. Alifariki Mji Mkongwe 1905. Stacpoole alipoupa msitu jina la ukimya, msitu ulikuwa umekwisha kusemwa, kwa sauti ya mtu aliyekuwa bwana ndani yake, na sauti hiyo ilikuwa yetu.

Kwa kipimo cha uandishi, Tippu Tip anamshinda Stacpoole bila ya taabu. Hana pambo. Anasema tulikwenda, tukapigana, tukapata pembe kadhaa, tukalala. Ana kichekesho ambacho Muairishi hana. Anaeleza, bila ya haya hata kidogo, jinsi alivyodai kuwa ni wa damu ya dada yake Kasongo Rushie, mtawala wa Utetera, dada aliyetekwa zamani, na mtawala yule akamkabidhi nchi. Wenyeji katika kitabu chake wana majina, wana hila, wana tamaa. Ni watu.

Lakini wenye majina ni watawala. Wachukuzi wa pembe hawana. Wanawake waliotekwa ni hesabu. Tunayaona kwa Tippu Tip tuliyoyaona kwa Stacpoole, ila huyu wa kwetu tumezoea kumsoma kwa mapenzi, na mapenzi hufumba macho. Mhakiki akimlaumu mgeni kwa kuwanyima majina waliobeba mizigo, hawezi kumwachilia babu yake kwa kosa lilo hilo kwa sababu tu Kiswahili chake ni kitamu.

Tulikwenda kunyoa siku ya Ijumaa. Kinyozi alikuwa mtu wa Maniema, umri wa watoto wetu, na kitabu tulikuwa nacho mkononi. Aliuliza ni cha nini, tukamwambia. Akauliza sisi ni wa wapi. Tuliposema Unguja alisimamisha mkasi. "Ah, mzee," alisema, "kumbe nyinyi ndio Batambatamba." Ndilo jina ambalo watu wa huko waliwapa watu wa misafara yetu, na mpaka leo halijasahauliwa. Hakulisema kwa ubaya. Alisema kwao mizee ilikuwa ikiwatisha watoto nalo wasitoke nje usiku. Kisha akatuambia kuwa babu wa babu yake alipita Kasongo akiwa mtoto, amefungwa kamba, na aliyemfunza Kiswahili na sala ni huyo huyo aliyemfunga. Yeye mwenyewe ni Mwislamu. Baada ya hapo aliendelea kunyoa, akataka tumsomee kidogo. Tulimsomea pale Meeus anapoingia. Alisikiliza, akasema mwandishi huyo anajua kiboko lakini hamjui anayepigwa. Hatujapata kusoma uhakiki mfupi kuliko huo.

Akauliza kama Waarabu wa Unguja waliandika. Tukasema ndiyo, tukamtaja Tippu Tip. Akasema huyo anamjua, si huyo anayemuuliza. Anauliza wale wadogo, wenye misafara midogo, waliandika?

Tuseme tulilomjibu, kwa sababu tumelificha kwa zaidi ya miaka 40. Katika sanduku la marehemu babu yetu mna daftari la hesabu, kwa hati ya Kiarabu na maneno ya Kiswahili, la safari moja ya Maniema. Kurasa nyingi ni za pembe, kaniki na merikani. Ukurasa mmoja una majina 27, na mbele ya kila jina kipande cha nguo alichopewa, na mbele ya baadhi yao neno moja, amekufa. Tulipokuwa tukiandika tasnifu yetu, ami zetu walituomba tusilitumie. Walisema watu watatusema. Tulilitumia kwa bei za pembe, na ukurasa wa majina tukauacha. Hakuna mwalimu aliyetulazimisha, wala hatuwezi kusema hatukuuelewa.

Kinyozi alitaka kujua kama majina hayo ni ya kwao au ni ya kupewa. Tukamwambia mengine ni ya kupewa, Baraka, Feruzi, Mabruki, na mengine ni ya kwao.

"Na bado yanasomeka?"

Yanasomeka. Mhariri amekubali kuuchapa ukurasa huo katika toleo lijalo, picha yake pamoja na herufi za Kirumi. Wenye madaftari kama hayo majumbani wanajua wenyewe yalipo.